Somo la Duka la Ulevi Mtaani na Haki ya Jirani

Bismillahir Rahmanir Rahim.

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Bwana wetu Muhammad, na aali zake na sahaba zake. Amma baad.

Tumeulizwa na jamaa zetu swali hili: Ikiwa mtu ataka kufungua duka la ulevi karibu na msikiti, au karibu na chuo cha watoto, itupaseje sisi watu wa mtaa? Vijana husema, twende tukalivunje. Wazee husema, tunyamaze, kwa kuwa nchi ina serikali na sheria haikutungwa na sisi. Je, lipi lililo sawa katika mawili hayo?

Jawabu yetu ni kuwa yote mawili si sawa. Kuvunja ni dhuluma, na kunyamaza ni udhaifu. Baina ya mawili hayo iko njia ya tatu, nayo ni kusimama mbele ya wenye mamlaka kwa haki, kwa ushahidi na kwa adabu. Njia hii wengi wetu hatuijui, na kwa kutoijua kwetu wenye maduka hutushinda, kisha twarudi barazani kulaumu dunia. Basi katika somo hili tutaeleza kwanza hukumu ya sheria yetu, kisha khabari za kesi mbili mashuhuri, moja ya Marekani na moja ya Bara Hindi, ili tupate mazingatio. Kisha tutaeleza sheria ya Kenya ilivyo, na yatupasayo kutenda.

FASLU YA KWANZA: Hukumu ya ulevi, na mpaka wa kuukataza

Uharamu wa ulevi hauna shaka kwa Muislamu yeyote. Mwenyezi Mungu ameutaja katika Sura ya Maida, aya ya 90 na ya 91, pamoja na kamari na ibada ya masanamu, na akaeleza sababu: kuwa shetani ataka kutia uadui na bughudha baina ya watu, na kuwazuia na dhikri na sala. Mtazame, ewe msomaji, sababu iliyotangulia kutajwa. Ni uadui. Basi mtu atakayekataza ulevi kwa njia ya kuwasha fitina mtaani, hata jirani kwa jirani wakapigana, amemtimizia shetani haja yake bila ya kuonja hata tone moja.

Tena yajulikana hadithi ya Mtume, sala na amani zimshukie, juu ya wanaolaaniwa kwa sababu ya ulevi. Laana hiyo haikukomea kwa mnywaji. Imemfika anayeutengeneza, anayeuchukua, anayeuuza, anayeununua na anayekula thamani yake. Maneno haya tutayarudia mbele, kwa kuwa yana habari na sisi zaidi kuliko tunavyodhani.

Ama mali ya asiyekuwa Muislamu, wanavyuoni wetu wamesema maneno ya wazi. Katika Minhaji ya Imamu Nawawi, kitabu kinachosomeshwa pwani hii tangu zamani, katika mlango wa ghasbu, imeelezwa kuwa ulevi wa dhimmi haumwagwi, ila akidhihirisha kuunywa au kuuuza. Na ukinyang'anywa nao ungaliko, hurudishwa kwake. Wenzetu wa madhehebu ya Abu Hanifa wamekwenda mbele zaidi, wakasema kuwa mwenye kuuharibu hulipa. Zingatia basi: katika zama ambazo dola ilikuwa mikononi mwa Waislamu, mtu hakuachiwa kuingia nyumbani kwa jirani asiyekuwa wa dini yake akavunja mitungi yake. Na pale alipoudhihirisha sokoni, aliyesimama kumzuia alikuwa muhtasibu, mtu aliyewekwa na mtawala kwa kazi hiyo. Hakuwa kila kijana mwenye rungu.

Mtu aweza kusema: je, Mtume hakutuamrisha kuondoa uovu kwa mkono, na asiyeweza kwa ulimi, na asiyeweza kwa moyo? Ndiyo, hadithi hiyo ni sahihi. Walakini wanavyuoni wameeleza kuwa mkono ni wa mwenye mamlaka juu ya jambo lile: baba nyumbani mwake, na mtawala katika nchi yake. Na wameshurutisha kuwa kuondoa uovu kusizae uovu ulio mkubwa kuliko ule wa kwanza. Anayechoma duka huenda akachoma na nyumba ya mjane iliyo nyuma yake, na mlinzi aliyelala ndani. Kisha vijana watafungwa, na duka litajengwa upya kwa matofali.

Lililobaki kwetu ni ulimi. Na ulimi ulio na nguvu katika mambo haya ni ule unaosema mbele ya hakimu na mbele ya kamati ya leseni.

FASLU YA PILI: Kesi ya mkahawa na kanisa

Jambo hili la duka la ulevi karibu na nyumba ya ibada halikuwapata Waislamu peke yao. Katika mji wa Cambridge, jimbo la Massachusetts, nchi ya Marekani, palikuwa na mkahawa uitwao Grendel's Den, na nyuma yake kanisa la Waarmenia Wakatoliki liitwalo Holy Cross. Baina ya ukuta wa nyuma wa mkahawa na ukuta wa nyuma wa kanisa palikuwa na futi 10 tu. Mwaka 1977 mwenye mkahawa aliomba leseni ya kuuza ulevi.

Sheria ya jimbo lile ilikuwa hivi: mahali palipo ndani ya futi 500 za kanisa au skuli, yaani kama mita 152, hapapewi leseni ikiwa wakuu wa kanisa lile au skuli ile wataandika kuwa hawakubali. Hawakulazimishwa kutoa sababu. Neno lao peke yake lilikuwa ni hukumu. Kanisa likaandika kuwa halikubali, na leseni ikanyimwa, wala hapana sababu nyingine iliyotajwa ila ukatazo wa kanisa.

Mwenye mkahawa akaenda kortini. Akasema kuwa katika duara ile ile ya futi 500 kulizunguka kanisa palikuwa na mahali 25 penye leseni tayari. Imekuwaje 25 hawa wapate, naye wa 26 akose? Kesi ikapanda kutoka mahakama moja hata nyingine, ikafika Mahakama ya Juu ya Marekani, na hukumu ikatolewa tarehe 13 Disemba 1982. Mahakimu 8 walikuwa upande wa mkahawa, na 1 upande wa sheria ya jimbo.

Jaji Mkuu Warren Burger ndiye aliyeandika hukumu. Muhtasari wake ni huu. Serikali ina haki ya kulinda makanisa na skuli na kelele na ghasia za ulevi. Yaweza kukataza kabisa maduka hayo yasiwe karibu nayo kwa masafa yanayoelekea. Yaweza pia kuamrisha kuwa watu wa kanisa wasikilizwe, na maneno yao yapewe uzito. Lakini haiwezi kuwakabidhi wakuu wa dini mamlaka ya serikali yenyewe, wakahukumu bila ya kanuni na bila ya kutoa sababu. Kwa maana mtu aliye na mamlaka hayo aweza kumpa mfuasi wake na kumnyima mwingine. Katiba ya Marekani hukataza kuchanganya namna hii kazi ya dini na kazi ya dola. Jaji Rehnquist, aliyekhitalifu na wenziwe, alisema kuwa ikiwa yajuzu kukataza kabisa, basi sheria hii iliyo nyepesi kuliko makatazo kamili ingejuzu zaidi. Hoja yake ina mantiki, lakini haikushinda.

Msomaji ataona uchungu: kanisa limeshindwa na mkahawa. Lakini tusifanye haraka. Kesi hii ina mafunzo matatu.

La kwanza, kanisa halikushindwa kwa kuwa kuchukia ulevi ni kosa. Limeshindwa kwa kuwa lilipewa silaha iliyokuwa dhaifu. Lau sheria ingeliweka mpaka ulio mmoja kwa watu wote, hoja ya mwenye mkahawa isingelipata pa kushika. Na hakika sheria ile ilipotungwa mara ya kwanza mwaka 1954 ilikuwa makatazo kamili. Marekebisho yaliyofuata ndiyo yaliyolifanya neno la kanisa kuwa kufuli na ufunguo.

La pili, walionyamaza mara 25 iliwawia vigumu kusikilizwa mara ya 26. Haya yatuhusu sana. Katika mitaa yetu twaacha duka la kwanza kwa kuwa mwenyewe ni mtu mpole, na la pili kwa kuwa liko pembeni, kisha la tatu lifikapo mlangoni petu twapiga kelele. Hakimu atauliza: mlikuwa wapi?

La tatu, asiyetoa sababu huwa amejinyima sababu zake. Huenda kanisa lilikuwa na mengi ya kusema juu ya ghasia za usiku na walevi mlangoni. Lakini sheria haikulitaka liyaseme. Basi sisi tusiombe kamwe kupewa neno la kukata bila ya hoja. Tuombe kusikilizwa, na tuje na hoja.

FASLU YA TATU: Hukumu ya masafa huko Bara Hindi

Tarehe 15 Disemba 2016 Mahakama ya Juu ya India ilitoa hukumu katika kesi iliyotoka jimbo la Tamil Nadu. Sababu yake haikuwa msikiti wala hekalu. Ilikuwa ni roho za watu barabarani, kwa kuwa madereva walikuwa wakilewa katika maduka yaliyopangwa kando ya njia kuu. Mahakama ikaamuru kuwa maduka ya ulevi yasiwe ndani ya mita 500 za barabara kuu za taifa na za majimbo, na kuwa leseni zilizokuwapo zisipite tarehe 31 Machi 2017. Siku ile ile ya mwisho mahakama ikapunguza masafa kuwa mita 220 kwa miji na vijiji vyenye watu 20,000 au chini yake. Na mwezi wa Julai 2017 ikabainisha kuwa amri ile haikuzuia leseni zilizo ndani ya mipaka ya miji yenye manispaa.

Angalia sasa yaliyotokea baina ya hukumu na utendaji.

Serikali nyingine zilibadilisha majina ya barabara zao. Njia iliyokuwa barabara kuu jana, leo ikaitwa njia ya mtaa, na duka likabaki pale pale. Na katika jimbo la Kerala, mwenye baa mmoja alijenga kichochoro cha kuzungukazunguka mbele ya mlango wake, ili mtu atokaye barabarani atembee zaidi ya mita 500 kabla ya kuingia. Baa haikusogea hata shubiri moja. Kilichorefuka ni njia ya miguu. Hila ya namna hii tunaijua katika vitabu vya fikihi. Ndiyo maana swali la masafa yapimwaje ni swali zito: je, ni kwa mstari ulionyoka kutoka ukuta hata ukuta, au ni kwa hatua za mtembezi kutoka mlango hata mlango? Watu wakisahau kuliweka wazi katika sheria, mwenye hila atalijibu kwa faida yake.

La pili lililotokea ni zito zaidi. Maduka mengi yaliyotolewa barabarani yalihamia ndani ya mitaa ya makazi. Barabara ikapona, kijiji kikaugua. Katika Tamil Nadu, ambako uuzaji wa rejareja wa ulevi umo mikononi mwa shirika la serikali yenyewe, wanawake walitoka makundi kwa makundi mwezi wa Aprili 2017 kupinga maduka yaliyoletwa karibu na nyumba zao. Walitoka wanawake kwa kuwa wao ndio waujuao mshahara usiofika nyumbani.

Fundisho hapa ni hili: kuondoa duka mahali pamoja si kuondoa ulevi. Tukilifukuza duka mtaani petu likaenda kukaa mbele ya chuo cha jirani zetu, nao ni masikini wasioweza kuandika barua, je, tumeondoa uovu au tumewahamishia wanyonge? Hadithi mashuhuri yatufunza kuwa hapana kudhuru wala kulipizana madhara, na wanavyuoni wakatoa humo kanuni kuwa madhara hayaondolewi kwa madhara mfano wake. Basi anayesimama kulipinga duka na asimame kwa ajili ya mtaa wake na wa mwenzake.

FASLU YA NNE: Sheria ya Kenya, na yatupasayo

Katika Kenya ilitungwa mwaka 2010 Sheria ya Udhibiti wa Vileo, ambayo watu waliiita sheria ya Mututho, kwa jina la mbunge aliyeileta. Sheria hiyo imeweka kuwa leseni mpya ya mahali pa kunywea isitolewe mpaka kamati itosheke kuwa mahali pale pako umbali wa mita 300 au zaidi na skuli ya watoto wadogo, ya msingi, ya sekondari, au mahali pengine pa kusomea watu walio chini ya miaka 18. Kamati yatakiwa pia itazame kama leseni mpya ni kwa maslaha ya watu wa mahali pale, na kama zilizokwisha kutolewa hazitoshi. Na mtu yeyote ana ruhusa ya kuleta pingamizi lake kwa maandishi, pamoja na sababu zake, kabla ya siku ya kusikilizwa. Baada ya Katiba ya 2010, kazi ya leseni za vileo iliwekwa chini ya kaunti, nazo zikatunga sheria zao. Basi mtu wa Mombasa, Kwale, Kilifi au Lamu aitafute sheria ya kaunti yake aisome. Na mtu wa Tanga au Unguja aulize ya kwake, kwa kuwa hazifanani.

Na ijulikane kuwa jambo hili si la Kadhi. Katiba imewapa Makadhi mambo ya ndoa, talaka, mirathi na hali za watu binafsi, baina ya Waislamu waliokubali hukumu yake. Mwenye kumbebesha Kadhi kesi ya leseni amempa mzigo asiokuwa na mamlaka nao, na amepoteza siku za pingamizi.

Tazama tena maneno ya sheria. Msikiti haukutajwa katika zile mita 300. Lakini mahali pa kusomea watoto pametajwa. Na msikiti gani wa pwani usio na chuo cha Kurani ubavuni mwake? Basi hoja yetu iliyo na nguvu ni watoto wetu, nayo ni hoja ambayo jirani Mkristo na jirani Mhindu watatia sahihi pamoja nasi. Lakini hakimu haoni chuo kwa macho ya moyo. Ataka kuona daftari la majina ya watoto na umri wao, saa za masomo, jina la mwalimu, na waraka wa kuandikishwa kwa chuo. Vyuo vingapi vyetu vina daftari? Watoto arubaini wasoma kila alasiri, na katika makaratasi ya serikali ni kama hawapo. Hilo ndilo pengo tuliloliacha wazi wenyewe.

Yatupasayo ni haya:

Kwanza, kuandikisha chuo na kuweka daftari, kabla duka halijaja.

Pili, kuwa na watu wawili au watatu mtaani wanaopitia ofisi ya chifu na ya kaunti kutazama matangazo ya maombi ya leseni. Kwa kuwa pingamizi lina muda wake, na muda ukipita haurudi.

Tatu, kupima masafa kwa kamba, mbele ya mashahidi, na kuyaandika. Tusiseme "karibu sana." Tuseme mita ngapi, kutoka wapi hata wapi.

Nne, kuandika madhara yaliyoonekana kwa macho: tarehe, saa, jambo lililotokea. Tusiandike uvumi, wala tusimzulie mwenye duka. Uongo juu ya muuza ulevi ni uongo vile vile, na mwenye kutoa ushahidi wa uongo hasameheki kwa kuwa nia yake ilikuwa njema.

Tano, ikiwa kamati itatushinda, kukata rufaa; na ikiwa rufaa itashindwa, kuvumilia bila ya kuvunja sheria, huku tukiendelea kuwalea vijana wetu.

FASLU YA TANO: Nyumba ni ya nani?

Limebaki neno moja, nalo ni chungu. Kabla hatujaenda kwa kamati, na tuulize: nyumba anayotaka kuifanya baa ni ya nani? Mara nyingi katika miji yetu ya pwani jawabu huwa ni aibu. Mwenye kuuza ni mgeni, lakini mwenye nyumba ni mtu wa safu ya kwanza msikitini. Akiulizwa husema, "Mimi nimepangisha kuta tu, atakayofanya ndani ni yake." Wanavyuoni wetu hawakuikubali udhuru hii kwa mtu anayejua. Kukodisha nyumba kwa ajili ya kuuzia ulevi ni kusaidia maasi, na mkataba ulioshurutishwa kwa jambo hilo haufai. Kodi yake imo katika thamani ya ulevi tuliyotaja laana yake hapo juu. Hali kadhalika gari linaloubeba, na duka la Muislamu linaloweka chupa nyuma ya pazia.

Mtu huyu hahitaji barua ya kamati. Ahitaji wazee watatu wamwendee nyumbani baada ya sala ya Isha, wamwamkie kwa heshima, wamkumbushe kwa faragha, wala wasimfedhehi mimbarini. Na ikiwa riziki yake imo katika kodi ile, basi mtaa umsaidie kupata mpangaji mwingine. Pengine kesi nzima itamalizika juu ya kikombe cha kahawa, bila ya wakili na bila ya shahidi.

KHATIMA

Maswali ya kudurusiwa barazani:

1. Kwa nini kanisa la Cambridge lilishindwa, hali sheria ilikuwa upande wake?
2. Ni mambo gani mawili yaliyotokea India baada ya hukumu ya mita 500?
3. Chuo cha mtaa wako kina daftari? Likitakiwa kesho, nani atalileta?
4. Kutoka mlango wa chuo hata duka la ulevi lililo karibu nawe ni mita ngapi?

Asiyeweza kujibu swali la tatu na la nne na asiseme kuwa achukia ulevi kuliko wenzake, mpaka amejibu.

Twamuomba Mwenyezi Mungu atuonyeshe haki na atupe kuifuata, azihifadhi nyumba zetu na watoto wetu, na awaongoe walioshikwa na ulevi, kwani wengi wao ni ndugu zetu na wana wa ndugu zetu. Wa billahi tawfiki. Wassalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.